Kijiti Kisichofika Kwetu

Siku ya soko, jukwaa la stesheni ile halikuwa na pa kuweka mguu. Magunia ya vitunguu, vizimba vya kuku, wanafunzi na masanduku yao ya bati, wanawake na mabeseni ya nyanya, na mwanamume mmoja aliyekalia mlango mpya kabisa, mlango wa nyumba, akiulinda usipate mkwaruzo kabla haujapata nyumba. Treni ya asubuhi ilikuwa inaingia. Kwenye ncha ya jukwaa alisimama msichana wa miaka ishirini na miwili, sketi ya kijivu imepigwa pasi ikanyooka, blauzi nyeupe, na kofia ya stesheni masta iliyomzidi kichwa. Kofia ilikuwa ya baba yake. Mkono wa kushoto ulishika bendera ya kijani, na wa kulia aliuinua juu, umeshika kijiti.

Kijiti chenyewe tukieleze mapema, maana bila kijiti hadithi hii haiendi. Reli ile ilikuwa moja tu, ya kwenda ndiyo hiyo hiyo ya kurudi. Ili treni mbili zisije zikakutana uso kwa uso, kila kipande baina ya stesheni na stesheni kilikuwa na kijiti chake cha shaba, kimetiwa kwenye mfuko wa ngozi, na mfuko umeshonewa kwenye kitanzi cha waya mnene ambacho dereva hukidaka akipita. Dereva asiye na kijiti cha kipande hicho haendi. Akifika stesheni ya mbele hukiacha hapo, akapewa cha kipande kinachofuata. Kijiti hakivuki stesheni. Kinakwenda na kurudi kwenye kipande chake maisha yake yote. Na kwa kuwa injini husimama mbele kabisa, mbali na jukwaa, makabidhiano hufanyika ikiwa bado inatembea, polepole, mkono kwa mkono.

Asubuhi hiyo dereva alikuwa mgeni. Alitupa kijiti alichokuja nacho, kikatua ndani ya beseni la nyanya. Akanyoosha mkono kudaka cha msichana, akakikosa, akaondoka na kofia.

Jukwaa zima lilipasuka kwa kicheko. Treni ikasimama. Baada ya muda dereva akaonekana anarudi kwa miguu kandokando ya mabehewa, ovaroli ya buluu, kitambaa chekundu shingoni, kofia ameishika kwa mikono miwili kama sahani ya moto.

"Dada, hii nadhani ni yako."

"Na kijiti je? Au treni utaiendesha kwa kofia?"

"Kijiti nipe, dada yangu, usiniaibishe zaidi. Watu wanatazama."

"Wamelipa nauli, waache watazame. Huko ulikosomea hawafundishi kudaka?"

"Wanafundisha. Ila hawakusema anayeshika kijiti atakuwa na macho hayo."

Mwenye beseni akadakia, "Na nyanya zangu nazo zina macho? Atalipa nani?" Dereva alizinunua zote, zile zilizopondeka na zile nzima, na kuanzia siku hiyo akawa hakaribii kona ya mji bila kupiga honi, ndefu moja na fupi mbili, ili msichana ajiandae. Watu wakamwita Honi. Yeye akamwita msichana Bendera. Majina hayo yakawaganda.

Stesheni masta hakuona cha kuchekesha. "Kijiti si kitu cha mzaha, mwanangu," alimwambia bintiye jioni ile. "Treni mbili bila kijiti ni mazishi ya mji mzima."

"Ndiyo, baba."

"Na yule kijana asikuzoee."

"Ndiyo, baba." Lakini ndiyo ya pili ilitoka nyepesi kuliko ya kwanza, na mzee hakuwa kiziwi.

Mapenzi ni kikohozi, hayafichiki, na reli ni mahali pabaya zaidi pa kujaribu kuyaficha. Simu za mkononi zilikuwa bado. Palikuwa na simu moja ya kukoroga mkono, waya mmoja kwa stesheni zote sita, na ukiinua mkono wa simu kwako, wengine watano nao hunyanyua ya kwao, eti wanahakikisha laini iko salama. Honi, akiwa amepumzika mwisho wa reli, alikuwa anaomba simu ya karani.

"Stesheni ya chini, hapa mwisho wa reli. Treni ya jioni itaondoka saa nane kamili. Dereva ana kiu."

"Ujumbe umepokelewa," Bendera alijibu kwa sauti ya kazi. "Dereva aambiwe maji yapo."

"Ya baridi?"

"Ya mtungini."

Hapo sauti ya tatu, nzito, ya karani wa stesheni ya mlimani, ikaingia bila hodi: "Na sisi wengine huku tuna kiu pia, jamani!" Na kicheko kikapita kwenye waya kuanzia juu mpaka chini.

Kwa hiyo wakahamia kwenye mfuko wa ngozi. Bendera alikuwa anaandika nyuma ya tikiti zilizokwisha kutobolewa, anatia kwenye mfuko asubuhi: "Leo umechelewa dakika sita. Mwenzio niliota vigimbi vya kusimama." Honi alikuwa anaandika mwisho wa reli, barua anaiweka mfukoni mwa ovaroli mpaka stesheni ya mlimani, hapo akipewa kijiti cha kipande cha kushukia mjini ndipo anaitia. Jioni Bendera anapokea kijiti, anaingia ofisini, anafungua mfuko kabla hata hajaandika saa kwenye kitabu. Alikuwa anasoma amesimama, mgongo mlangoni, kitambaa chake cha njano kimelegea shingoni, anacheka peke yake. Mwaka mzima na miezi mitatu. Mwanamke hujua anapopendwa, na Bendera alijua. Alichokuwa anangoja ni kimoja tu: Honi awalete wazee wake kwa baba yake, jambo liwe jambo.

Jumanne moja ya mvua, treni ya jioni iliingia bila honi.

Dirishani alikuwa Msaidizi, dereva mwenza wa Honi, mtu mpole mwenye mabega mapana ambaye mwaka wote alikuwa akimsalimia Bendera kwa kushika ukingo wa dirisha tu. Alikabidhi kijiti vizuri, mkononi. Bendera alifungua mfuko hapo hapo jukwaani, kwenye mvua. Ndani kulikuwa na kijiti tu.

Akamfuata hadi kwenye injini. "Mwenzako yuko wapi?"

Msaidizi alimwangalia, akaangalia reli. "Ameshuka mlimani."

"Kufanya nini mlimani?"

"Mambo yake. Ana kwake kule, hujui?" Akacheka kidogo, kicheko cha mtu asiyezoea kucheka.

Bendera alirudi ofisini. Simu ilikuwa pale ukutani. Angeikoroga, angeuliza. Lakini angeuliza nini, na masikio matano yanangoja? "Karani wa mlimani, samahani, huyo mwanaume wangu yuko kwa nani hapo kwenu?" Mtoto wa stesheni masta? Bora afe na lake moyoni. Alilia usiku tatu mfululizo, na baba yake, ambaye alisikia kila kitu kupitia ukuta, hakusema neno, jambo ambalo Bendera hakumsamehe mpaka alipomzika.

Jumamosi honi ikalia konani. Ndefu moja, fupi mbili. Macho ya Bendera yalikuwa yamevimba, hayatazamiki, akaivuta kofia ya baba yake hadi kwenye nyusi, akasimama kwenye ncha ya jukwaa. Honi alikuwa ameinama nusu mwili nje ya dirisha. Akamtazama. Bendera akainua kijiti bila kuinua uso. Vidole vyao viligusana, treni ikapita. Mfuko aliompa ulikuwa na kijiti tu, na aliopewa vilevile.

Mwezi uliofuata Honi alihamishiwa reli ya upande mwingine wa nchi. Msaidizi akawa dereva kamili. Alikuwa anapita kila siku, hana haraka, hana maneno mengi. Aliposikia stesheni masta anaumwa, alileta dawa kutoka mji mkubwa. Aliposikia bati la nyumba linavuja, alipanda juu mwenyewe. Baada ya miaka miwili aliwaleta wazee wake, na Bendera, akiwa na miaka ishirini na mitano na moyo umechoka, akasema sawa. Walipata binti mmoja, na mzee alipofariki Bendera akabaki na ofisi yake. Treni zilipopunguzwa, mume alikuwa miongoni mwa waliopunguzwa nazo, akanunua viti vya mabehewa yaliyokufa akaanza kutengeneza makochi. Watu wakaacha kumwita Msaidizi, wakamwita Fundi. Ilikuwa ndoa njema. Asiyejua angeiita ndoa ya mapenzi, na anayejua angesema hata hiyo si haba.

*

Simu ya mkononi ililia Bendera akiwa anakunja mapazia. Miaka ishirini na minne ilikuwa imepita. Reli mpya ilikuwa imejengwa, imenyooka, juu ya nguzo, ikiuacha mji kando kwa mwendo wa saa nzima. Treni zake zingeongozwa kutoka chumba kimoja mji mkuu, kwa vioo na taa, hakuna wa kumpa dereva chochote mkononi. Treni ya mwisho ya reli ya zamani ilikwisha kupita, stesheni ingefungwa mwisho wa mwezi, na nyumba za reli zirudishwe funguo. Fundi alikwisha kupata chumba cha kazi karibu na anakosoma binti yao, na nusu ya vyombo ilikuwa imefungwa.

"Hallo, nani mwenzangu?"

"Ni afisa wa reli, makao makuu. Nakuja keshokutwa kuvichukua vijiti, vinakwenda kuhifadhiwa. Na nitahudhuria mkutano wa wananchi."

"Makao makuu huko hamna majina?"

"Huko kwenu mlikuwa mnaniita Honi."

Pazia likamponyoka.

"Upo?"

"Nipo," Bendera alisema. "Nina miaka arobaini na saba, niko hapa hapa. Karibu."

Alikuja kwa gari la kazi, suti ya rangi ya majivu, mvi zimemjaa, tumbo limemtangulia kidogo. Mkutano ulifanyika kwenye chumba cha kungojea abiria. Diwani alitaka stesheni iwe stendi ya mabasi. Wanawake wa sokoni walitaka iwe soko, maana mvua inawanyeshea miaka yote. Muuguzi alitaka zahanati, akasema kwa uchungu kwamba dirisha la tikiti lingefaa sana kugawia dawa. Penye wengi hapaharibiki neno, wanasema, lakini siku hiyo halikutengenezeka pia. Honi aliandika yote kwenye daftari, akaahidi kuyafikisha. Bendera, ukutani, alivaa gauni la bluu bahari na kitambaa cha njano, na hakuna aliyemuuliza kama stesheni iwe nini.

Watu walipotawanyika, wawili hao waliingia ofisini. Vijiti viwili vilikuwa mezani, kila kimoja na mfuko wake. Honi alitia saini kitabu, akafunga kalamu, hakuinuka.

"Una familia?" Bendera aliuliza.

"Mke na watoto wanne. Mke mwema, sina la kumsema. Wewe?"

"Mume, binti mmoja."

"Vizuri." Akakitazama kitambaa kichwani mwake, akatabasamu tabasamu baya. "Kumbe bado unavyo hivyo vya njano. Siku ile ungefunga kimoja tu, Bendera. Ulinijibu kwa kofia."

"Nilikujibu nini?"

"Usinitanie, tumezeeka. Barua niliyokuandikia. Kwamba nimepata uhamisho, kwamba nataka niwalete wazee wangu kwa baba yako. Ukikubali, Jumamosi usimame na kitambaa cha njano. Nikikuta kofia nitaelewa, na sitakusumbua tena. Nikakuta kofia. Umeivuta mpaka machoni, hata kuniangalia hukutaka."

"Macho yalikuwa yamevimba kwa kulia," Bendera alisema polepole. "Honi, sikupata barua."

"Niliitia kwenye mfuko."

"Mfuko wa kijiti kipi?"

Bendera alimwona anarudi nyuma kwenye ile mvua, stesheni kwa stesheni.

"Tulikuwa bado mwisho wa reli," alisema hatimaye. "Ovaroli ilikuwa imelowa chapachapa. Nikaogopa wino usije ukamwagika. Nikaitia kwenye mfuko wa kijiti nilichokuwa nacho, nije niihamishe tukifika mlimani."

"Ukaihamisha?"

"Mlimani nikakuta ujumbe kwamba mama ameanguka, kalazwa. Kulikuwa na lori la serikali linaondoka kwenda huko. Nikaruka, sikukumbuka kuihamisha."

Hawakuhitaji kuelezana. Walikuwa watu wa reli. Kijiti cha mwisho wa reli na mlimani hakijawahi kufika mjini, wala hakiwezi. Barua yake ilikuwa imekwenda juu, ikarudi mlimani, ikapanda tena, mpaka karani fulani alipoichomoa na pengine kufungia karanga.

"Miaka ishirini na minne," Bendera alisema. "Nilikuwa nakuapiza, unajua? Nikisikia treni imechelewa mahali popote nasema ndiye huyo, na apinduke."

"Nami nilikuwa najiambia binti wa stesheni masta aliniona dereva tu." Alijifuta uso kwa kiganja. "Tungekuwa na watoto wangapi, Bendera?"

"Usihesabu. Nakuomba, usihesabu."

Nje mtu alikuwa anafagia jukwaa ambalo halitakuwa tena na abiria wa kulichafua.

"Ila kitu kimoja sikielewi," Honi alisema. "Hata kama barua haikufika, kwa nini hukuuliza? Nilimwagiza yule mwenzangu. Nilikuwa nimeshakanyaga ngazi ya lori, nikampigia kelele: kijiti mpe mkononi, umwambie afungue mfuko, nimemwandikia. Niliporudi akaniambia amekupa. Ukikuta mtupu si ungejua kuna kitu kimepotea?"

Bendera akamkazia macho. "Ulimwambia hivyo? Kwamba umeniandikia?"

"Kwa maneno yangu haya. Na mama yangu alivyo hoi, nalo nilimwambia. Alikuwa mtu mzuri. Yuko wapi siku hizi?"

"Yuko nyumbani," Bendera alisema. "Anafunga vyombo. Ni mume wangu."

Honi aliinuka. Alivichukua vijiti, akasimama mlangoni, akamshika Bendera mkono kwa mikono yake miwili kwa muda mrefu kuliko heshima inavyoruhusu, kisha akaenda kwenye gari lake. Bendera alisikia mlango ukifungwa, na gari likichelewa sana kuwashwa.

*

Fundi alikuwa sebuleni katikati ya maboksi, miwani imeteremka puani, anaviringisha sahani kwenye magazeti. Alikuwa amemwona mgeni akishuka kwenye gari tangu asubuhi, na hakwenda mkutanoni. Mkewe alipoingia alimtazama usoni, akaweka sahani chini.

"Amekwambia," alisema.

"Niambie wewe."

Hakujaribu kukana. Inawezekana alikuwa ameyaandaa maneno hayo tangu siku ya harusi. "Aliniagiza nikwambie ufungue mfuko. Njiani nikaufungua mimi. Mtupu, Mama Binti, naapa. Nikasema huyu ameghairi, au barua imedondoka. Ningekwambia tu: alisema amekuandikia. Ungekoroga simu, ungemuuliza, mngeelewana siku hiyo hiyo. Nilikuwa nalijua hilo. Nikanyamaza."

"Na lile la kwamba ana kwake kule mlimani?"

Fundi alivua miwani. "Lile nililitunga. Uliniuliza, likanitoka. Nilikuwa nakupenda mwaka mzima, nakusalimia tu. Nikafikiri, ngoja kidogo, wiki moja, kisha nitasema ukweli. Wiki ikawa mwezi. Kisha nikawa nakuja kwenu, baba yako ananiita mwanangu."

Bendera alikaa juu ya boksi la vyombo, likabonyea, hakujali. Alimwangalia mtu huyu aliyeziba bati la baba yake, aliyembeba binti yao mgongoni mpaka hospitali mwendo wa saa mbili, ambaye katika miaka ishirini na miwili hakuwahi kumwinulia sauti. Wema wote ule ulikuwa wa kweli. Hilo ndilo lililomuuma zaidi, maana asingekuwa mwema, leo ingekuwa rahisi.

"Ungefunga kile kitambaa?" Fundi aliuliza. Alikuwa analia sasa, bila sauti. "Ungeipata ile barua... ungekwenda naye?"

"Amekueleza lini habari za kitambaa?"

"Hajanieleza. Alinisomea, kabla hajaitia mfukoni. Aliniuliza kama imekaa vizuri."

Basi alijua hata hilo. Jumamosi ile, alikuwa amesimama nyuma ya Honi ndani ya injini, akiangalia jukwaa linakaribia, anangoja kuona kofia au njano.

"Ningekifunga tangu Ijumaa," Bendera alisema.

Fundi aliinamisha kichwa kama mtu aliyepigwa mahali alipokuwa akipangojea kipigo. Saa ya ukutani ilikwisha kufungwa boksini, ikawa inagonga humo humo ndani. Hatimaye aliuliza kwa sauti ndogo, "Gari la kuhama linakuja Jumatatu. Nimwambie nini dereva?"

Bendera alifikiri kwanza. Alimfikiria binti yao, na mke mwema wa mtu mwingine na watoto wanne, na mwanamke wa miaka arobaini na saba anayesimama kwenye jukwaa lisilopitiwa na kitu.

"Mwambie aje. Nitakwenda na wewe," alisema. "Wewe ni mume wangu na mtoto ni wetu, na sina miaka mingine ya kuanzia. Nitakupikia, nitakuuguza, nawe ukitangulia nitakulilia. Lakini usije ukaniuliza tena, hata kwa utani, hata siku ya kufa, kama nakupenda. Maana kuanzia leo nitakujibu."

Fundi alitikisa kichwa kukubali. Aliokota sahani aliyoiweka chini, akaiviringisha kwenye gazeti, akaiweka na nyingine. Kisha akaenda nje kutafuta kamba ya kufungia godoro.